Mwili Kama Ushahidi: Historia ya Sanaa ya Utendaji Riyadh na Jeddah

Sanaa ya utendaji ni sanaa ambayo chombo chake kikuu ni mwili wa msanii. Mchoraji hutumia rangi na turubai, mchongaji hutumia jiwe na patasi. Msanii wa utendaji husimama, hutembea, hufagia, hujifunga au hunyamaza, na kitendo hicho ndicho kazi yenyewe. Sanaa hii haifanani na mchezo wa kuigiza, kwa sababu mtendaji hajifanyi mtu mwingine. Anachokionyesha amekichota katika maisha yake: msiba, kizuizi, hamu isiyotimia, kumbukumbu ya nyumba iliyobaki mahame.

Nchini Saudi Arabia sanaa hii ina umri wa takriban miaka ishirini, nayo imepita katika hatua tatu. Kwanza mwili ulionekana kwa kujificha nyuma ya kitu kingine. Kisha ukasimama peke yake mbele ya kamera, pasipo hadhira. Mwishowe ukatoka mbele ya umma, katika kumbi zilizojengwa na serikali yenyewe. Riyadh na Jeddah ndiyo miji miwili ambako safari hiyo inaonekana wazi zaidi.

Chimbuko nje ya Uarabuni

Sanaa ya utendaji ilipata sura yake ya kisasa katika miaka ya 1960 na 1970. Mwaka 1964, mjini Kyoto, Yoko Ono aliketi jukwaani na kuwaachia watazamaji mkasi wakate vipande vya nguo alizovaa. Mwaka 1974, mjini Naples, Marina Abramović alisimama kwa saa sita mbele ya meza yenye vitu 72, na watu wakaruhusiwa kuvitumia juu ya mwili wake wapendavyo. Kazi hizo mbili ziliweka msingi ambao wengi waliufuata: mwili wa msanii ni mahali ambapo nguvu za jamii hudhihirika.

Kwa wasanii wa Kiarabu, mfano wa karibu zaidi ulikuwa Mona Hatoum, Mpalestina aliyezaliwa Beirut mwaka 1952. Mwaka 1985 alitembea pekupeku katika mitaa ya Brixton, London, huku akiburuta buti nzito zilizofungwa kwenye vifundo vya miguu yake. Hatoum alionyesha kwamba maisha ya ukimbizi na ya kuwa chini ya jicho la dola yanaweza kuelezwa kwa hatua za miguu tu.

Mwili katika mila za Hejaz na Najd

Haikuwa kwamba Bara Arabu halikujua sanaa ya mwili kabla ya hapo. Katika Najd, eneo la Riyadh, wanaume wamecheza ardha kwa vizazi vingi: safu mbili zinazokabiliana, ngoma, panga na mashairi ya vita. UNESCO iliiingiza ardha ya Najd katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika mwaka 2015. Katika Hejaz, eneo la Jeddah na Makka, ipo mizmar, ngoma ya fimbo inayochezwa kuuzunguka moto, iliyoingizwa katika orodha hiyo hiyo mwaka 2016. Jeddah ni bandari ya mahujaji, na kwa karne nyingi watu wa pande zote za Afrika walishuka hapo. Baadhi yao hawakurudi makwao, na midundo yao ikabaki katika mitaa ya mji.

Wanawake nao walikuwa na ngoma zao, lakini zilichezwa harusini, ndani ya kuta, wanawake kwa wanawake. Msomaji wa Mombasa au Unguja anayeijua lelemama hatashangaa: mwili wa mwanamke ulikuwa na uhuru mkubwa wa kucheza, mradi mlango umefungwa. Mpaka huo kati ya ndani na nje ndio ambao wasanii wa karne ya 21 walikuja kuushughulikia.

Mila ya kufunika mwili ilikuwa na mweka kumbukumbu wake pia. Safeya Binzagr, mchoraji aliyezaliwa Jeddah mwaka 1940, alitumia maisha yake kuchora mavazi, harusi na shughuli za nyumbani za Hejaz kabla hazijasahauliwa. Mwaka 1968 yeye na Mounirah Mosly waliweka maonyesho ya picha zao katika shule ya wasichana mjini Jeddah, na maonyesho hayo huhesabiwa kuwa mwanzo wa wanawake wachoraji kujitokeza hadharani nchini humo. Binzagr hakufanya utendaji, lakini aliwaachia waliomfuata funzo kubwa: mambo ya chumbani na jikoni yanastahili kuwekwa ukutani.

Umma usio na umbo la mtu

Katika miaka ya 1970 na 1980 Jeddah ilipata sura ambayo miji mingi ya Kiarabu haikuwa nayo. Meya wake, Mohamed Said Farsi, alinunua sanamu za wachongaji mashuhuri, wakiwemo Henry Moore, Joan Miró na Alexander Calder, akazipanga barabarani na kando ya Bahari ya Sham. Zote zilichaguliwa ziwe za maumbo yasiyo na sura ya binadamu, kwa kuheshimu msimamo wa kidini juu ya kuchonga viumbe. Kwa hiyo mji ulijaa sanaa ya hadharani, ila mwili wa mtu haukuwamo.

Novemba 1979 kundi la watu wenye silaha liliuteka Msikiti Mtakatifu wa Makka. Baada ya tukio hilo serikali iliimarisha masharti ya kidini katika maisha ya kila siku. Kumbi za sinema zilifungwa, muziki wa hadharani ukapungua, na watu wa Kamati ya Kuamrisha Mema na Kukataza Mabaya wakawa na uwezo wa kumsimamisha mtu njiani kwa namna alivyovaa au kwa sababu ya mtu aliyefuatana naye. Wanawake hawakuruhusiwa kuendesha gari. Novemba 1990 wanawake 47 waliendesha magari kwa msafara katika mitaa ya Riyadh kupinga katazo hilo. Walikamatwa, na baadhi yao walipoteza kazi zao. Hawakuwa wasanii, wala hawakusema wanafanya sanaa. Hata hivyo walikuwa wamefanya kwa miili yao kile ambacho wasanii wa utendaji walikuja kukifanya baadaye.

Hatua ya kwanza: mwili nyuma ya plastiki

Kizazi kipya kilianza mbali na miji yote miwili, katika milima ya Asir, kusini magharibi. Katika kijiji cha sanaa cha al-Miftaha mjini Abha walikutana vijana ambao hawakuishi kwa sanaa. Ahmed Mater, aliyezaliwa mwaka 1979, alikuwa daktari. Aliingiza picha za eksirei katika kazi zake, akauonyesha mwili wa binadamu kwa jicho la hospitali. Abdulnasser Gharem, aliyezaliwa Khamis Mushait mwaka 1973, alikuwa ofisa wa jeshi. Mwaka 2003 wawili hao pamoja na Mwingereza Stephen Stapleton walianzisha Edge of Arabia, mpango uliowatambulisha wasanii wa Saudia kwa dunia kupitia maonyesho ya London mwaka 2008.

Mwaka 2007 Gharem alifanya kazi iitwayo *Flora and Fauna*. Alichagua mti wa kigeni uliopandwa kupamba barabara, akajifunga pamoja nao ndani ya karatasi kubwa ya plastiki, akavuta hewa iliyotoka kwenye majani yake huku wapita njia wakimkodolea macho. Hoja yake ilihusu miti inayoletwa kwa ajili ya uzuri wa macho bila kufikiriwa madhara yake kwa ardhi, lakini aliitoa hoja hiyo kwa pumzi yake mwenyewe. Hakukuwa na ukumbi, tiketi wala tangazo. Palikuwa na barabara, mti na mtu mmoja aliyekuwa nusu anaonekana na nusu amefichika.

Katika kipindi hicho hicho alifanya *Siraat*. Mwaka 1982 wanakijiji wa Tihama walikimbilia juu ya daraja la zege ili waokoke na mafuriko. Maji yalilisomba daraja pamoja nao. Gharem na wasaidizi wake walirudi kwenye kipande cha daraja kilichobaki wakaandika kwa rangi neno la Kiarabu lenye maana ya njia, mara kwa mara, mpaka sakafu yote ikajaa. Mwislamu yeyote anajua uzito wa neno hilo katika Sura ya kwanza ya Kurani. Kuliandika maelfu ya mara, mtu ameinama chini ya jua, ilikuwa kazi ya mgongo na magoti, na pia kumbukumbu ya watu waliokufa kwa kuamini zege.

Mwaka 2011 kazi nyingine ya Gharem, *Message/Messenger*, iliuzwa Dubai katika mnada wa Christie's kwa zaidi ya dola 800,000. Miaka miwili baadaye alianzisha studio yake Riyadh, ambako wasanii chipukizi hupata mahali pa kufanyia kazi.

Hatua ya pili: wanawake mbele ya kamera

Jeddah iliitangulia Riyadh kwa kumbi. Athr, jumba la sanaa lililofunguliwa mwaka 2009, liliwapa wasanii wa kisasa nafasi ya kudumu. Mwaka 2012 Edge of Arabia iliweka maonyesho makubwa mjini humo, na mwaka 2014 ukaanza msimu wa kila mwaka uitwao 21,39, kwa jina la latitudo na longitudo za Jeddah. Pamoja na hayo, mwanamke kutenda jambo mbele ya hadhira mchanganyiko lilikuwa bado suala gumu. Video ikawa njia ya kulipita: kitendo kilifanyika faraghani, kisha picha ndiyo ikatoka nje.

Mwaka 2012 Sarah Abu Abdallah, msanii kijana kutoka Qatif, alitengeneza *Saudi Automobile*. Katika video hiyo anaonekana akilipaka rangi ya waridi gari lililoharibika kwa ajali, gari lisiloweza kwenda popote. Alieleza kwamba hiyo ndiyo njia pekee aliyokuwa nayo ya kujipatia gari, na kwamba hamu yake ilikuwa ya kawaida kabisa: kujiendesha mwenyewe kwenda kazini. Nguvu ya kazi hiyo iko katika uvumilivu wa mkono unaopaka. Hamna kelele wala bango. Kuna mtu anayekihudumia kitu kisichoweza kumfaa.

Arwa Al Neami alifuata mwaka 2014 kwa *Never Never Land*. Alirekodi wanawake waliovaa mabaibui katika uwanja wa michezo ya kujifurahisha, wakiendesha magari madogo ya kugongana, wakiwa wamewekewa sharti la kutopiga kelele. Miili yao inarushwa huku na huku, sauti haitoki. Balqis AlRashed naye alijirekodi akizungusha duara la plastiki kiunoni akiwa amevaa mavazi meusi ya kumfunika mwili mzima, katika kazi aliyoiita *A State of Play*. Kwa wanawake hao watatu vazi, gari na mchezo vilikuwa mambo waliyoyaishi kila siku, na kamera iliwawezesha kuyaweka mbele ya macho ya wengine.

Manal AlDowayan, aliyezaliwa Dhahran mwaka 1973, alichukua njia ya karatasi. Katika *Suspended Together* ya mwaka 2011 alitengeneza njiwa 200 wanaoning'inia hewani, kila mmoja amebeba nakala ya kibali cha kusafiri ambacho mwanamke alitakiwa kupewa na mlezi wake. Hakuna mwili wa mtu katika kazi hiyo, lakini kila mtazamaji anahisi uzito wa miili iliyozuiwa isiruke.

Kipindi hicho pia kilidhihirisha hatari iliyokuwepo. Ashraf Fayadh, mshairi wa Kipalestina aliyekulia Saudi Arabia, alikuwa mmoja wa wasimamizi wa *Rhizoma*, maonyesho ya wasanii wa Saudia huko Venice mwaka 2013. Novemba 2015 mahakama ya Abha ilimhukumu kifo kwa kosa la kuritadi, ushahidi ukiwemo mkusanyiko wa mashairi yake. Februari 2016 hukumu hiyo ilibadilishwa kuwa kifungo cha miaka minane na mijeledi 800. Wasanii wa kizazi chake walilijua hilo walipopima kitu cha kuonyesha na cha kukinyamazia. Adhabu ya viboko ilisitishwa na Mahakama Kuu ya nchi hiyo mwaka 2020.

Ufagio wa Dana Awartani

Kazi moja ya Jeddah inastahili kuangaliwa kwa utulivu. Dana Awartani, mwenye asili ya Kipalestina, alizaliwa Jeddah mwaka 1987 na kusomea London, kwanza sanaa ya kisasa, kisha sanaa za jadi za Kiislamu na jiometri yake. Mwaka 2017 aliingia katika nyumba iliyohamwa mjini Jeddah, nyumba ya aina iliyojengwa wakati familia zilipoanza kuiacha mitindo ya zamani na kuiga ya Ulaya. Sakafuni alitandaza mchanga aliouchanganya na rangi, akautengeneza uwe mfano wa vigae vya Kiislamu: nyota, pembe na duara zilizopangwa kwa hesabu kali. Kisha akauchukua ufagio, akaanza kufagia.

Video inamwonyesha akirudi na kwenda, polepole, mpaka pambo lote linageuka kuwa vumbi na sakafu ya kigeni iliyo chini yake inaonekana. Kufagia ni kazi ambayo kila nyumba inaijua na hakuna anayeiita sanaa. Awartani aliitumia kusema kwamba urithi wa mji haubomolewi na adui peke yake. Huondolewa pia na mikono ya wenyewe, kila siku kidogo kidogo, kwa nia ya kusafisha na kwenda na wakati. Kwa kuwa mikono hiyo ni yake mwenyewe, hakumnyooshea mtu kidole. Alijiweka ndani ya kosa la jamii yake.

Hatua ya tatu: mlango wa serikali wafunguliwa

Kati ya mwaka 2016 na 2018 masharti yalibadilika upesi. Aprili 2016 Kamati ya Kuamrisha Mema ilinyang'anywa uwezo wa kukamata watu. Mwaka huo huo ilitangazwa Dira ya 2030, ambayo iliutaja utamaduni kuwa sehemu ya uchumi usiotegemea mafuta. Taasisi ya sanaa ya Misk ilianzishwa Riyadh mwaka 2017. Aprili 2018 sinema zilifunguliwa tena. Juni 24 mwaka huo wanawake wakaanza kuendesha magari kisheria, ingawa majuma machache kabla yake baadhi ya wanawake waliolipigania jambo hilo walikuwa wamekamatwa. Wizara ya Utamaduni iliundwa mwaka 2018, na tume ya tamthilia na sanaa za maonyesho ikafuata mwaka 2020.

Matokeo yake makubwa kwa sanaa yalionekana Diriyah, kando ya Riyadh, mji wa asili wa ukoo wa Saud. Katika eneo la JAX, lililokuwa la maghala ya viwanda, ilifunguliwa Desemba 2021 bienale ya kwanza ya sanaa ya kisasa ya nchi hiyo. Msimamizi wake, Philip Tinari kutoka Beijing, alikopa jina la bienale hiyo katika msemo wa Kichina unaohusu kuvuka mto kwa kupapasa mawe.

Hapo ndipo Sarah Brahim alipofahamika na umma wa Riyadh. Brahim, aliyezaliwa mwaka 1992, alisomea dansi San Francisco na katika London Contemporary Dance School, shule iliyotoa wachezaji wengi wa dansi ya kisasa. Kwa hiyo alikuja kwenye sanaa ya utendaji akiwa na mwili uliofunzwa, jambo ambalo watangulizi wake wengi, waliotoka katika uchoraji na upigaji picha, hawakuwa nalo. Kazi aliyoileta Diriyah, *Soft Machines/Far Away Engines*, ni ya video kwenye skrini kadhaa, ambamo miili inasogea, inaegemeana na kubebana. Mambo anayoyarudia katika kazi zake ni huzuni ya kuondokewa, kuhama, na namna mwili unavyohifadhi yale ambayo ulimi umeshindwa kuyataja. Baadaye alifanya maonyesho ya peke yake katika Bally Foundation huko Lugano, Uswisi.

Tofauti ya Brahim na waliomtangulia ni kwamba kazi yake haigombani na katazo fulani. Abu Abdallah alikuwa na gari asiloruhusiwa kuliendesha; Brahim ana msiba, na msiba hauondolewi kwa amri ya mfalme. Katika bienale hiyo hiyo Marwah AlMugait, msanii wa Riyadh aliyeanza kwa kupiga picha, alionyesha *This Sea Is Mine*, kazi ya video na utendaji. Kwa wawili hao sanaa ya utendaji ya Saudia iligeukia yaliyo ndani ya mtu: ikaacha kuuliza kinachokatazwa, ikaanza kuuliza kinachouma.

Jeddah 2023: mwili unaosujudu

Januari 2023 ilikuwa zamu ya Jeddah. Bienale ya kwanza ya Sanaa za Kiislamu iliwekwa katika Jengo la Mahujaji la uwanja wa ndege, lenye mapaa yanayofanana na mahema, yaliyobuniwa na kampuni ya SOM ya Marekani na kupewa Tuzo ya Aga Khan mwaka 1983. Waislamu wengi wa Afrika Mashariki waliokwenda hija kwa ndege tangu miaka ya 1980 wamepumzika chini ya mapaa hayo. Msimamizi wa sanaa alikuwa Sumayya Vally, msanifu majengo wa Afrika Kusini, naye aliyapanga maonyesho kufuata ibada zenyewe: adhana, udhu, sala, safari.

Igshaan Adams wa Cape Town alileta misala iliyotumika, yenye alama zilizoachwa na miili ya waliosali juu yake. Hakuna mtu anayeonekana, lakini magoti na vipaji vya uso vimejiandika wenyewe kwenye nyuzi. Kwa mji uliokuwa umeziepuka sanamu za watu, huo ulikuwa ufumbuzi wenye hekima: mwili umeelezwa kwa alama zake, bila kuchongwa.

Kutoka mtu mmoja hadi sauti elfu

Mwaka 2024 Manal AlDowayan aliiwakilisha nchi yake katika Bienale ya Venice kwa kazi iitwayo *Shifting Sands: A Battle Song*. Kwa ajili yake aliitisha warsha Al Khobar, Jeddah na Riyadh, ambako karibu wanawake na wasichana elfu moja walishiriki. Waliandika na kuchora majibu yao kwa namna vyombo vya habari vya dunia vinavyowaeleza wanawake wa Saudia. Wakaimba pamoja, wakifuatisha sauti ya vilima vya mchanga jangwani. Sauti hizo zilisikika Venice kati ya maumbo makubwa yanayofanana na mawaridi ya jangwani. AlDowayan aliirudia mila ya zamani ya nyimbo za vita, lakini safari hii walioimba ni wanawake, na waliyoyaimba ni maisha yao wenyewe.

Haiwezekani kusimulia historia hii bila kutaja mipaka yake. Kumbi za Riyadh na Jeddah leo zinagharimiwa kwa sehemu kubwa na serikali, na anayelipa ukumbi ana kauli juu ya kinachoingia. Siasa na ukosoaji wa wazi wa utawala bado havimo. Msanii anaweza kuonyesha huzuni yake, mwili wake unaochoka na kumbukumbu ya bibi yake; hawezi kuonyesha kila kitu.

Hata hivyo ni kosa kudhani kwamba sanaa hii ni zawadi ya serikali. Gharem alijifunga kwenye mti miaka 11 kabla ya kuwako Wizara ya Utamaduni. Abu Abdallah alilipaka rangi gari lake miaka sita kabla ya sheria kumruhusu aendeshe. Awartani alifagia sakafu yake kabla ya bienale yoyote kufunguliwa nchini. Serikali ilijenga kumbi. Wasanii walikuwa wamekwisha kulitengeneza jambo la kuonyeshwa ndani yake, na sifa ya kwanza ni yao.